Dino De Laurentiis na sinema ya Italia baada ya vita: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kila panapozungumzwa sinema ya Italia, majina yanayotajwa ni ya waongozaji: Fellini, De Sica, Rossellini, Visconti. Waliowatafutia fedha hutajwa mara chache, na wakitajwa ni kwa lawama. Ukurasa huu unamhusu mmoja wao. Maswali yanafuata mwendo wa maisha yake, lakini unaweza kurukia lolote unalolitaka.

Dino De Laurentiis alikuwa nani?

Jina lake la kuzaliwa ni Agostino De Laurentiis. Alizaliwa tarehe 8 Agosti 1919 Torre Annunziata, mji ulio kati ya bahari na mlima Vesuvio, karibu na Napoli, uliosifika kwa viwanda vya tambi. Baba yake alikuwa na kiwanda kimojawapo, na Dino angali kijana alizungushwa huku na huku kuwauzia tambi wenye maduka. Alifariki Beverly Hills, Marekani, tarehe 10 Novemba 2010, akiwa na umri wa miaka 91.

Alianza kutayarisha filamu mwanzoni mwa miaka ya 1940 na hakuacha hadi uzeeni. Miaka 30 ya kwanza alifanya kazi akiwa Italia, iliyobaki akiwa Marekani. Hapa tunakaa zaidi na ile ya kwanza.

Mtayarishaji hufanya nini hasa? Si mwongozaji ndiye mwenye filamu?

Mwongozaji huamua kamera ikae wapi na mwigizaji aseme vipi. Kufikia siku hiyo mtayarishaji ameshahangaika kwa miezi: amenunua haki ya kitabu au amewalipa waandishi, amemchagua mwongozaji, amempata mwigizaji ambaye jina lake litamfanya msambazaji akubali kutoa fedha, amekopa, na sahihi iliyoko kwenye karatasi ya deni ni yake. Filamu ikianguka, benki haiendi kumgongea mwongozaji.

De Laurentiis alikuwa mtayarishaji wa aina inayoingilia kila kitu. Alisoma mswada, alibishana juu ya mwisho wa hadithi, alitaka nafasi fulani apewe fulani, alikata alichoona kinachosha. Waongozaji wengi walimlalamikia kwa hilo. Wengi wao pia walirudi kwake.

Aliingiaje kwenye kazi hii?

Kwa mlango wa uigizaji. Mwaka 1937 alikwenda Roma kusoma Centro Sperimentale di Cinematografia, shule ya filamu iliyoanzishwa miaka miwili kabla na utawala wa Mussolini. Mwaka huohuo, tarehe 28 Aprili, Mussolini alifungua studio za Cinecittà nje kidogo ya jiji. Dino alipata nafasi ndogondogo za kuigiza, akafanya vibarua vya nyuma ya kamera, na alipofika miaka 21 hivi alikuwa tayari anatayarisha. Alikuwa na kampuni ndogo Torino iliyoitwa Real Cine. Vita vikakatiza kila kitu.

Inafaa kukumbuka kwamba shule na studio zilizojengwa kwa ajili ya propaganda ndizo zilizowafunza mafundi wengi wa sinema iliyokuja kuusuta utawala ule. Giuseppe De Santis, tutakayemkuta hapa chini, mkomunisti asiyejificha, alipitia madarasa yaleyale.

Baada ya vita Italia ilikuwa hoi. Fedha za filamu zilitoka wapi?

Hili ndilo swali lenye nyama, kwa hiyo vumilia jibu refu.

Cinecittà ilipigwa mabomu, na baada ya hapo majengo yake yakawa kambi ya wakimbizi. Filamu za mwanzo kabisa baada ya ukombozi zilipigwa mitaani kwa vifaa vya kuokoteza, na kutokana nazo ikazuka hadithi kwamba sinema mpya ya Italia ilizaliwa bila senti. Kwa filamu chache ni kweli. Lakini ukiangalia mwaka 1950, Italia ilitoa filamu takriban 100, na mwaka 1954 karibu 200. Idadi hiyo haiji kwa kuokoteza. Kulikuwa na njia tatu.

Ya kwanza ni Lux Film, kampuni ya Riccardo Gualino, tajiri wa viwanda kutoka kaskazini ambaye Mussolini aliwahi kumpeleka uhamishoni. Lux haikujijengea mastudio makubwa. Iliwachukua watayarishaji vijana, ikampa kila mmoja filamu yake na bajeti yake, kisha yenyewe ikashika usambazaji. Dino alikuwa mmoja wa vijana hao, na mwingine alikuwa mwanasheria kutoka Magenta karibu na Milano, Carlo Ponti. Chini ya Lux, Dino alitoa *Il bandito* mwaka 1946, iliyoongozwa na Alberto Lattuada, kisa cha askari anayerudi kutoka kifungo cha Ujerumani na kukuta nyumba imebomoka na dada yake amepotelea kwenye ukahaba.

Ya pili ni serikali. Filamu za Marekani zilikuwa zikimiminika kwa mamia kila mwaka, nyingine zikiwa zimelundikana tangu wakati wa vita. Desemba 1949 ilipitishwa sheria inayojulikana kwa jina la Giulio Andreotti, kijana wa chama cha Christian Democrats aliyekuwa akisimamia mambo ya sanaa na maonyesho serikalini. Kila filamu ya kigeni iliyoingizwa sauti ya Kiitalia ilimlazimu mwagizaji kuweka lira milioni 2.5 benki, na fedha hizo zilitumika kukopesha watayarishaji wa nyumbani. Majumba ya sinema yalitakiwa kuonyesha filamu za Kiitalia kwa siku 80 kwa mwaka. Mtayarishaji alirudishiwa sehemu ya mapato ya tiketi. Bei yake ilikuwa kwamba mswada ulipita kwanza mikononi mwa maofisa, na Andreotti hakuficha kuwa hapendi filamu zinazoanika umaskini wa Italia mbele ya wageni.

Ya tatu ndiyo iliyomfaa muuza tambi. Mtayarishaji alimwendea msambazaji akiwa na mswada na majina mawili matatu ya waigizaji. Msambazaji akaahidi kiasi fulani cha chini, hata kama filamu itadoda, na akatoa hati za ahadi ya malipo. Mtayarishaji akazipeleka benki, hasa Banca Nazionale del Lavoro iliyokuwa na idara maalumu ya mikopo ya filamu, akapewa fedha taslimu pungufu kidogo ya thamani ya hati, na kamera ikaanza kuzunguka. Kwa hiyo filamu ilishauzwa kabla haijakuwepo. Kilichouzwa kilikuwa maneno: nani anaigiza, kisa kinahusu nini, bango litakuwaje. Katika maneno hayo hakukuwa na aliyemzidi Dino, na alipokuja kugundua kwamba unaweza kuwauzia namna hiyohiyo Wafaransa, Wajerumani na Wamarekani, kila nchi peke yake, alikuwa ameipata kazi ya maisha yake yote.

Filamu iliyomtoa ni ipi?

*Riso amaro*, yaani Mchele Mchungu, ya mwaka 1949, iliyoongozwa na De Santis.

Kila mwaka maelfu ya wanawake walipanda treni kwenda mashamba ya mpunga ya Vercelli, Piemonte, kupandikiza miche na kung'oa magugu, maji yakiwa magotini na migongo imepinda kutwa nzima, kwa ujira ambao sehemu yake ililipwa kwa mchele. De Santis alitaka filamu juu ya kazi hiyo na unyonyaji wake. Alipiga picha mashambani kwenyewe, wapandaji wa kweli wakiwa mbele ya kamera. Lakini ndani yake kuna pia mkufu ulioibwa, mhalifu mrembo aliyeigizwa na Vittorio Gassman, bastola kwenye bucha, na msichana anayetafuna ubani na kucheza muziki wa Kimarekani. Msichana huyo ni Silvana Mangano. Alizaliwa 1930, aliwahi kuwa Miss Roma, na picha yake akiwa amesimama kwenye maji ya shamba, kaptula fupi na soksi nyeusi zilizopandishwa hadi mapajani, ilizunguka dunia.

Wahakiki wa mrengo wa kushoto walinung'unika kwamba mapaja yamelifunika tabaka la wafanyakazi. Kanisa Katoliki liliwaonya waumini. Watu wakajaa kumbini, Italia na Marekani, na kisa chake kikateuliwa kuwania tuzo ya Oscar.

Binafsi naiona kuwa filamu bora kuliko De Santis na Dino wote wawili walivyokubali. De Santis peke yake angetupa hotuba, Dino peke yake angetupa bango. Walipovutana, tukapata kitu ambacho bado kinaangalika.

Ni kweli alimwoa Silvana Mangano?

Ndiyo, mwaka huohuo wa 1949. Walipata watoto wanne: Veronica, Raffaella, Francesca na Federico. Mangano hakuupenda sana ustaa. Aliendelea kuigiza, lakini kwa kuchagua, na baadaye alifanya kazi nzuri sana na Visconti na Pasolini. Federico alifariki katika ajali ya ndege mwaka 1981. Ndoa ilivunjika miaka ya 1980 na Mangano alifariki mwaka 1989. Mwaka 1990 Dino alimwoa Martha Schumacher, aliyekuwa mtayarishaji mwenzake.

Carlo Ponti na De Laurentiis walishirikiana kwa namna gani?

Mwaka 1950 walitoka kwenye mbawa za Lux na kuunda kampuni yenye majina yao yote mawili. Ponti alikuwa mtulivu, mtu wa mikataba. Dino alikuwa sauti na mikono. Kwa miaka michache hawakuwa na mpinzani wa kweli Roma.

Ukiangalia orodha yao utaona mbinu. Walimtumia Totò, mchekeshaji wa Napoli aliyependwa na kila tabaka, kuingiza fedha za haraka: *Guardie e ladri* mwaka 1951, kisha *Totò a colori* mwaka 1952, mojawapo ya filamu za kwanza za rangi nchini Italia. Fedha hizo zikaziwezesha filamu ambazo hakuna aliyetarajia zilipe, kama *Europa '51* ya Rossellini akiwa na Ingrid Bergman. Mwaka 1954 pekee walikuwa na *Ulisse*, iliyomleta Kirk Douglas kuigiza shujaa wa Homer. *Attila*, iliyomtumia Anthony Quinn. *L'oro di Napoli* ya De Sica, ambamo Sophia Loren anauza pitsa na kuipoteza pete yake. Na *La strada*.

Ni kweli Dino hakuitaka *La strada*?

Aliitaka, ila si kama Fellini alivyoitaka. Fellini alikuwa amemwandikia mkewe, Giulietta Masina, nafasi ya Gelsomina, msichana mwenye akili ya kitoto anayeuzwa na mama yake kwa Zampanò, mwonyesha nguvu wa barabarani. Dino alipendekeza Mangano, na kwa nafasi ya mwanamume akamtaja Burt Lancaster. Fellini akashikilia Masina. Nafasi ya Zampanò akapewa Anthony Quinn, jina ambalo lingeuzika Marekani, na hapo mapatano yakafungwa.

Kwenye tamasha la filamu la Venice mwaka 1954 filamu ilipata tuzo ya Simba wa Fedha kati ya kelele: wafuasi wa Visconti walikasirika kwamba filamu yake *Senso* imetoka mikono mitupu, na Franco Zeffirelli, msaidizi wa Visconti, alipuliza filimbi Fellini alipokuwa akipokea tuzo. Wahakiki wa mrengo wa kushoto waliiona kuwa usaliti wa sinema ya uhalisia. Halafu Machi 1957, Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni iliposhindaniwa kwa mara ya kwanza, *La strada* ndiyo iliyoichukua.

Wapenzi wa Fellini husimulia kisa hiki kumwonyesha Dino kuwa mtu asiyeelewa sanaa. Mimi naona kinyume. Alibishana, akashindwa, akalipa. Watayarishaji wangapi hufika kwenye hilo neno la tatu?

Waigizaji Wamarekani walisemaje Kiitalia?

Hawakusema. Filamu za Italia za wakati ule karibu zote ziliwekewa sauti baadaye, ndani ya studio. Mbele ya kamera Quinn alisema Kiingereza, Masina Kiitalia, na mtu wa tatu angeweza kuhesabu namba tu. Kisha mafundi wa sauti wa Roma, ambao walikuwa na majina na hadhi yao, waliingiza maneno yakafuata midomo. Mtazamaji wa Dar es Salaam au Kampala aliyezoea filamu zenye msimulizi anayezungumza juu ya waigizaji ataelewa wazo lake haraka, ingawa Waitaliano waliifuta kabisa sauti ya awali.

Kwa mtayarishaji lilikuwa jambo la faida tupu. Filamu moja ingeweza kuwa na nyota wa nchi tatu na kuuzwa nchi zote tatu kama ya nyumbani. Mkataba wa ushirika wa filamu kati ya Italia na Ufaransa, uliotiwa saini 1949, uliongezea utamu: filamu iliyotimiza masharti ilihesabiwa ya kitaifa pande zote mbili na kufaidi misaada ya pande zote mbili.

Kwa nini alitengeneza *War and Peace* Roma, kitabu cha Mrusi?

Kwa sababu wengine walikuwa wakikitaka. David Selznick na Mike Todd, wote watu wazito wa Marekani, walikuwa na mipango juu ya riwaya hiyo ya Tolstoy. Dino aliwatangulia. Alimchukua mwongozaji King Vidor, akampata Audrey Hepburn kuwa Natasha, huku mumewe Mel Ferrer akipewa nafasi ya Andrei na Henry Fonda ya Pierre. Kampuni ya Paramount ikaingia upande wa usambazaji. Uwanja wa vita wa Urusi ukawa mashamba ya Italia. Filamu ilitoka mwaka 1956, ikiwa na zaidi ya saa tatu.

Haikuwa kazi kubwa ya sanaa. Fonda mwenyewe alikuwa mzee mno kwa Pierre. Ila ilithibitisha jambo moja kwa Dino, kwamba kutoka Roma anaweza kutengeneza filamu ya ukubwa wa Hollywood bila kungoja Hollywood ije kwake, kama ilivyokuja na *Quo Vadis*. Naamini ndipo alipoanza kupenda ukubwa kwa ajili ya ukubwa.

Ushirika na Ponti ulikwisha kufikia 1957. Ponti akaenda njia yake, na Sophia Loren kando yake.

Kisa cha mtu mwenye gunia ni kipi?

Mwaka 1957 Dino, sasa peke yake, alitayarisha *Le notti di Cabiria* ya Fellini. Masina ni kahaba wa Roma mwenye moyo usiochoka kuamini watu, na Pier Paolo Pasolini alisaidia maneno ya mitaani ya jiji hilo. Ndani yake kulikuwa na kipande ambamo Cabiria, akirudi nyumbani alfajiri, anakutana na mtu anayezunguka na gunia la chakula na nguo akiwagawia maskini wanaolala mapangoni nje ya jiji.

Dino aliona kipande hicho kinachelewesha hadithi. Fellini akakataa kukata. Kwa namna alivyokuja kusimulia Dino mwenyewe, alikichukua kipande hicho kimyakimya na kukificha. Wengi waliamini miaka yote hiyo kwamba ni Kanisa lililosababisha, kwa kuwa mtu huyo anafanya huruma bila kupitia kwa padri. Kipande kilirudishwa filamu ilipotolewa upya mwaka 1998, Fellini akiwa ameshafariki.

Masina alipata tuzo ya mwigizaji bora Cannes, na Oscar ya filamu ya kigeni ikaenda kwa Dino na Fellini mara ya pili mfululizo. Na ndiyo, nimeitazama kwa namna zote mbili: Dino alikosea. Bila mtu wa gunia, Cabiria hana mtu hata mmoja mwema aliyemwona kwa macho yake.

Je, alijali watazamaji wa Italia wenyewe, au macho yake yote yalikuwa nje?

Alijali, na hapa ndipo wengi humpunja. Mwishoni mwa miaka ya 1950 alimweka Alberto Sordi, mchekeshaji wa Roma, katikati ya filamu zilizowaonyesha Waitaliano historia yao bila kuwapaka mafuta.

*La grande guerra* ya Mario Monicelli, 1959, inamhusu Sordi na Gassman wakiwa askari wawili waoga na wavivu katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Kabla hata haijapigwa, magazeti yalipiga kelele kwamba wachekeshaji wanakwenda kuwatukana mashujaa. Dino hakurudi nyuma. Ilitoka na Simba wa Dhahabu wa Venice, ikigawana na filamu ya Rossellini. Mwaka uliofuata ikaja *Tutti a casa* ya Luigi Comencini, juu ya Septemba 1943, siku jeshi la Italia lilipoachwa bila amri na kila askari akajitafutia njia ya kurudi kwao. Mwaka 1961 ikaja *Una vita difficile* ya Dino Risi, juu ya mpiganaji wa msituni ambaye amani inamshinda kuliko vita.

Kuna pia *I due nemici*, ya 1961, inayotugusa kidogo sisi wa upande huu: Sordi na Mwingereza David Niven ni maofisa wa majeshi hasimu wanaokamatana na kuachiana Uhabeshi mwaka 1941, katika kampeni ile iliyowachukua pia askari wengi wa Kiafrika kutoka Kenya na kwingineko. Usitarajie kuwaona hao wakipewa nafasi ya maana. Waafrika humo ni mandhari tu, kama ilivyokuwa kawaida ya sinema ya Ulaya.

Dinocittà ilikuwa nini?

Studio yake mwenyewe. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 alianza kujenga kusini mwa Roma, Castel Romano, kando ya barabara ya Pontina. Mahali hapo hapakuchaguliwa kwa upepo mzuri: palikuwa ndani ya mpaka wa eneo lililostahili fedha za Cassa per il Mezzogiorno, mfuko wa serikali wa kuendeleza kusini mwa nchi. Mtu wa Torre Annunziata akachukua msaada wa kusini akaujengea studio mlangoni mwa Roma. Kisheria hapakuwa na kosa.

Hapo ndipo ilipotengenezwa sehemu kubwa ya *La Bibbia*, 1966. Wazo la kwanza lilikuwa kubwa kupita kiasi: waongozaji kadhaa wa dunia, kila mmoja na sehemu yake ya Maandiko. Robert Bresson alikuwa mmoja wao. Mwongozaji Bernardo Bertolucci alisimulia kwamba Dino alimkusanyia Bresson wanyama wa safina, na Bresson akamwambia kuwa kwenye picha zitaonekana nyayo zao mchangani tu. Bresson akaondoka. Mwishowe John Huston aliongoza yote, akaigiza Nuhu, na kwa saa karibu tatu filamu ikafika sura ya 22 ya kitabu cha Mwanzo.

Tatizo la studio ni kwamba haina siku ya kupumzika. Mtayarishaji asiye na studio akikosa filamu nzuri anangoja. Mwenye studio hawezi kungoja. Lazima pawe na kitu cha kupiga, hata kama si kizuri.

Aligombana vipi na Fellini?

Kwa filamu ambayo haikutengenezwa. *Il viaggio di G. Mastorna* ilikuwa safari ya mpiga selo aliyekufa katika ajali ya ndege bila kujua kwamba amekufa. Dino alitia saini, akajenga mandhari makubwa Dinocittà. Septemba 1966 Fellini alimwandikia kwamba hawezi kuendelea. Dino akaenda mahakamani na mali za Fellini zikakamatwa. Mwaka 1967 Fellini aliugua sana. Deni hatimaye lilichukuliwa na mtayarishaji mwingine, Alberto Grimaldi, na Fellini akamlipa kwa kufanya naye kazi nyingine. Mastorna hakuwahi kufika kwenye sinema. Alikuja kuchorwa kama katuni na Milo Manara.

Huyu ndiye aliyetengeneza filamu za kauboi za Kiitalia?

Hapana, si zile maarufu. Sergio Leone, mwongozaji wa hizo maarufu, alianza na kampuni ya Jolly Film, kisha filamu mbili zilizofuata za Clint Eastwood zilitayarishwa na Grimaldi. Dino alimtumia Eastwood mara moja tu wakati huo, kwenye kipande cha De Sica katika *Le streghe*, akiwa mume anayesinzia wa Silvana Mangano.

Kwa nini aliondoka Italia?

Sababu zilipandana. Sheria mpya ya filamu ya mwaka 1965 ilikaza masharti juu ya filamu ipi ihesabiwe ya Kiitalia na kupata msaada, na filamu za Dino, zenye mwongozaji kutoka huku na nyota kutoka kule, ndizo zilizobanwa. *Waterloo* ya 1970, iliyotengenezwa pamoja na Mosfilm, studio ya serikali ya Kisovyeti, na kuongozwa na Sergei Bondarchuk, ilitumia maelfu ya askari wa Jeshi la Kisovyeti kama waigizaji wa uwanja wa vita. Inapendeza macho mpaka leo. Kwenye tiketi ilianguka vibaya. Studio ilidai kulishwa. Na Italia yenyewe ilikuwa imeingia miaka ya migomo na mabomu.

Mwanzoni mwa miaka ya 1970 alihamia Marekani. Dinocittà ikapita mikononi mwa wengine, na tangu 2014 eneo hilo lina bustani ya michezo iitwayo Cinecittà World.

Marekani alifanya nini?

Kwa kifupi: *Serpico*, *Three Days of the Condor*, *King Kong* ya 1976, *Conan the Barbarian*, *Dune* ya David Lynch iliyododa, kisha *Blue Velvet* ya Lynch huyohuyo, aliyempa uhuru alipokubali bajeti ndogo. Alijenga studio nyingine, Wilmington, North Carolina, na kampuni yake ikafilisika mwaka 1988. Hakuwa mtu wa kujifunza kutokana na studio. Mwaka 2001 Academy, taasisi inayotoa Oscar, ilimpa tuzo ya Irving G. Thalberg, na mwaka 2003 Venice ikampa Simba wa Dhahabu wa maisha.

Ana uhusiano na De Laurentiis mwenye timu ya Napoli?

Ndiyo, na swali hili huja kila Napoli inapotwaa ubingwa. Aurelio De Laurentiis, aliyeinunua klabu mwaka 2004, ni mtoto wa Luigi, kaka yake Dino. Aurelio naye ni mtayarishaji wa filamu, mwenye kampuni ya Filmauro. Mpishi wa televisheni Giada De Laurentiis ni mjukuu wa Dino kupitia kwa Veronica.

Nianze na filamu ipi?

Wengi watakuambia *La strada*. Anza na *La grande guerra* kama unapenda kucheka, au *Riso amaro* kama unataka kuona Dino akiwa na njaa bado. *Le notti di Cabiria* itafute iliyorejeshewa kipande cha gunia. *Barabba* ya 1961 itazame walau kwa ajili ya kusulubiwa: Richard Fleischer aliipiga tarehe 15 Februari 1961 Roccastrada, Toscana, jua likiwa limepatwa kweli, na nafasi ya kurudia haikuwepo. *La Bibbia* iache mwisho, au ruka moja kwa moja kwenye safina, ambako Huston anafurahia wanyama kuliko anavyofurahia binadamu.